Doa Chini ya Shanga

Watu wa Mlabani wananijua. Mimi Luciana, mama Festo, siyo mtu wa kumung'unya maneno. Ukinikosea asubuhi, jua halizami sijakuambia, na kama hukusikia vizuri nitakufuata kwako nikurudie. Kwa hiyo mkisikia kuna neno moja nililikalia kimya siku nne nzima, tena neno la kuua mtu, msidhani nilisahau. Nilinyamaza kwa kukusudia. Nalisema mwenyewe sasa, kabla wengine hawajalisema kwa niaba yangu.

Mpunga wetu uko Mchombe, mbali na barabara, upande wa mtoni. Kila mwaka ukianza kutoa masuke tunafunga nyumba Mlabani, tunahamia dunguni kuamia ndege. Dungu ni kibanda cha juu ya miti. Chini mnapika, juu mnalala, na kuanzia alfajiri mpaka jioni kazi ni moja, kupiga kelele na kurusha udongo kwa kombeo mpaka koo likauke. Mwaka huu nilikwenda na mkwe wangu Paskazia, mke wa Festo. Festo mwenyewe alikuwa Kidatu anakata miwa.

Paskazia ni binti wa mzee Ngusa, Msukuma aliyeingia bondeni na ng'ombe wake wakati wanangu wakiwa bado wadogo. Nitasema ukweli, sikumtaka. Festo aliponiambia amepata mchumba kwa Ngusa nilimwuliza kama wasichana wa Kipogoro wameisha. Akacheka, akaoa. Nami nikameza. Siku ya pili ya harusi nikamvalisha yule binti shanga kiunoni kwa mkono wangu, kamba tatu, kama mama mkwe wangu alivyonivalisha mimi. Na mtoto wa watu hakuwa na baya. Mchapakazi, maneno machache, shikamoo haimkauki mdomoni. Ila miaka mitatu ikapita hakuna mimba, na mimi nikaanza kumchunguza. Akienda kwao kusalimia najiuliza amefuata nini. Akichelewa sokoni nahesabu saa.

Wiki ya pili dunguni niliona panya wanatumaliza. Wanakata shina la mpunga chini, suke linalala kwenye maji. Walikuwa wanatoka kwenye kona moja ya mtoni ambayo hatukuwahi kuilima, majani yanakufika kifuani. Nikamwambia Paskazia tuifyeke. Tukatega na mitego. Panya wa kwanza kunaswa alikuwa na masikio yaliyojaa vidoti vyekundu, utadhani kanyunyiziwa pilipili ya unga.

"Mama, hivi ni nini?" Paskazia akaniuliza, amemshika mkia.

"Utitiri," nikamwambia. "Hata kuku wanao. Tupa huko tuendelee na kazi."

Tulifyeka siku tatu. Tukichoka tunatandika kitenge palepale kwenye majani, tunakula viazi, tunajinyoosha mgongo. Yeye alitaka turudi dunguni tupumzikie kivulini. Mimi nikakataa. Nilimwambia ndege hawapumziki, na mtu mzima akishapanda ngazi ya dungu mchana hashuki tena.

Siku kama kumi baadaye akaamka na kichwa. Kichwa cha kumfanya afumbe macho akielekea jua. Nikampa panadol. Kesho yake homa ikapanda, mwili unamtetemeka mpaka ngazi ya dungu inalia. Zahanati wakampima malaria, hakuna. Huku kwetu homa ina majina matatu, malaria, taifodi na yutiai, ukikosa la kwanza utapewa la pili. Tukarudi na vidonge. Akavimeza vyote na homa haikutikisika.

Siku ya nne hakuweza kusimama. Nikachemsha maji, nikazungushia kanga kwenye nguzo za dungu, nikamkalisha juu ya ndoo niliyoipindua, nikamwogesha. Mama mkwe hamchunguzi mkwe wake mwili, hayo ni maadili, nami nilikuwa nimegeuza uso huku mkono unafanya kazi. Lakini sabuni ikaniteleza, nikainama, shanga zikapanda juu. Nikaliona.

Lilikuwa doa moja, mviringo, ukubwa wa punje ya kunde, jeusi tii, na pembeni pamezungukwa na wekundu. Kama mahali palipozimiwa sigara. Lilikuwa limekaa palepale chini ya shanga zangu, mahali ambapo hakuna wa kupaona isipokuwa mume.

Nikaligusa. Hakushtuka.

"Hiki ni nini, Paskazia?"

Akajaribu kutazama, shingo haina nguvu. "Sijui, mama. Hakiniumi."

Nikauambia moyo wangu, ohoo. Mtu hajui kilichoko kiunoni mwake mwenyewe? Chale ninazijua. Mganga anachanja kwa wembe, anasugua dawa nyeusi, inabaki alama. Zetu ni vistari viwili viwili. Hii ilikuwa moja, nene, imeungua. Nikasema basi waganga wa kwao ndivyo wafanyavyo. Miaka mitatu hana mtoto, mume yuko mbali na wasichana wa Kidatu, ameona aende akafungiwe mume wake kiunoni. Na dawa yenyewe ameificha ndani ya shanga nilizomvalisha mimi. Kikulacho ki nguoni mwako, nilisema hivyo kwa sauti, na yeye akanitazama hajui namsema nani.

Sasa sikilizeni jambo ambalo sijawahi kumwambia padri. Nilipokuwa namfuta maji mgongoni, mtoto wa watu anachemka kama sufuria, niliwaza hivi: kama amemwekea mwanangu dawa, acha imrudie mwenyewe. Nililiwaza hilo kwa maneno kamili. Halafu nikamvalisha, nikamlaza.

Lakini mimi siyo mnyama. Asubuhi alipoanza kuongea maneno yasiyo na kichwa wala miguu, niliogopa. Nikasimamisha fuso lililokuwa linapeleka mpunga Ifakara. Dereva, kijana anaitwa Deus, akatupangia magunia pale nyuma yawe kama kitanda, akasema, "Mama, mshike kichwa, barabara imekatika vipande vipande." Mvua ilikuwa imeila. Kila shimo Paskazia anaugulia, na kila akiugulia anasema neno moja, "Mayu." Kwa Kisukuma mayu ni mama. Nami nilijua mama yake mzazi ni marehemu. Wazee wetu wanasema mgonjwa akianza kuwaita waliokufa, ujue wameshamjibu. Nilimfunika masikio kwa viganja vyangu njia nzima, nikidhani hivyo nitawazuia wasimsikie wala yeye asiwasikie.

Hospitali wakatupokea, wakamtundikia dripu, wakamchukua damu. Daktari wa wodi alikuwa kijana wa Kihehe, Lukelo, mpole lakini ana macho ya kuchimba. Nesi wake Mwanasha, mwanamke wa makamo, ndiye aliyenionyesha bomba la maji na mahali pa kufulia. Majibu yakarudi. Malaria hakuna. Wakaanza sindano za taifodi huku wanasubiri vipimo vingine.

Siku iliyofuata asubuhi nilimsikia Daktari Lukelo akiwagombeza watu wa kitanda cha pili. Mgonjwa wao alikuwa amechanjwa kifua kizima kabla ya kuletwa. Alisema bila kupaza sauti, lakini wodi yote ilisikia. "Mnamchanja mtu kwa wembe mmoja na kijiji kizima, halafu mnaniletea akiwa amechelewa." Yule mama wa kitanda cha pili aliinamisha kichwa hadi kidevu kikagusa kifua. Nikajisemea, Luciana, leo ni zamu yako.

Akafika kwetu. "Shikamoo, mama."

"Marahaba, baba."

Akamgusa Paskazia shingoni, kwapani, akamfunua jicho. Jicho lilikuwa jekundu. Akamwuliza Mwanasha homa, akatajiwa. Kisha akanigeukia.

"Mama, wewe ndiye unayemwogesha?"

"Ndiye mimi."

"Umeona kidonda chochote mwilini? Kidogo tu, cheusi, kama kimeunguzwa. Hakiumi, kwa hiyo mwenyewe anaweza asijue."

Jamani, nikamwona yule mama wa kitanda cha pili ananitazama, kidevu kimeshanyanyuka. Nikaona Mlabani nzima inasema, mkwe wa Luciana ana chale kiunoni, Festo amelishwa limbwata na Wasukuma.

"Hakuna," nikasema.

"Una hakika? Hata sehemu za kujificha, kiunoni, kinenani?"

"Baba, nimesema hakuna."

Mwanasha akasogea. Akaangalia nyuma ya masikio, akaangalia kwapani, miguuni mpaka magotini. Mkono wake ulipofika kwenye fundo la kitenge nikaushika. Nikamwambia polepole, "Huyu ni mke wa mtu. Ana shanga. Na daktari ni mwanaume, amesimama hapa." Mwanasha ni mwanamke, anajua heshima ya shanga. Aliutoa mkono. Akamwambia daktari, "Mama amemwogesha, anasema hakuna."

Daktari Lukelo akaandika. "Kuna kitu nilikuwa nakifikiria," akasema, kama anajisemea. "Ningeona hicho kidonda ningejua pa kuanzia. Basi tuendelee na sindano."

Akaondoka. Mimi nikabaki nimeshika fundo la kitenge cha yule binti, na mkono hautaki kuachia. Nilikuwa nimeshinda. Sasa sijui nilikuwa nimemshinda nani.

Siku hiyo Paskazia alianza kuhema kwa kifua. Midomo ikapasuka. Nikimtilia maji kwa kijiko yanatoka pembeni. Na lile neno, mayu, mayu, sasa kwa sauti ndogo ya mtoto. Mama wa kitanda cha pili akanong'ona, "Huyo anaitwa." Nikamwambia anyamaze, akiona vya kwake vimemshinda asije kuvitafuta kwangu. Lakini niliogopa afe, na niliogopa zaidi kwamba akifa nitajua kwa nini. Nikajifariji kwa ujinga wangu, kwamba ugonjwa wa kulogwa daktari hauwezi hata aambiwe nini, kwa hiyo kunyamaza kwangu hakuna kilichoharibu. Nilijiambia hivyo kama mara mia. Kitu cha kweli hakihitaji kuambiwa mara mia.

Mzee Ngusa alikuja kesho yake na dumu la maziwa. Amekonda, fimbo mkononi, viatu vya matairi. Alikaa kwenye benchi la nje, sijui alikaa muda gani kabla sijatoka kumwona. Tukasalimiana.

"Mama Festo," akasema, "mimi sina elimu. Nakuomba usikasirike. Kama kuna kitu nyumba yenu mmemfanyia mtoto wangu, kwa sababu hajazaa, niambie mimi baba yake. Wanasema ninyi Wapogoro mna dawa."

Mnanijua. Nilisimama. Nilimwambia yeye ndiye wa kuniambia amempeleka binti yake kwa nani, maana vya kwao tunavijua vyote. Nilisema mengi, mengine siyo ya kurudia. Mzee wa watu alingoja niishiwe pumzi.

"Paskazia hajawahi kuchanjwa," akasema. "Aliponyonya siku ya kwanza ndiyo siku mama yake alikufa. Niliapa huyu hataguswa na wembe wa mganga, maana mama yake wembe haukumsaidia. Ukimtazama mwili mzima hutakuta alama."

Nikarudi kukaa kwenye benchi.

"Ndiyo maana nimeogopa kusikia anaita mayu," akaendelea. "Tangu azaliwe hajamwita mtu mayu. Amelelewa na dada yangu, anamwita shangazi. Mama yake hamjui, atamwita vipi asiyemjua? Anayemwita ni wewe."

Nilichukua dumu la maziwa nikaingia ndani. Paskazia akasema mayu, nami kwa mara ya kwanza nikaitikia. Nikasema, "Abee, mwanangu, nipo." Lakini bado sikumwita daktari. Nataka mlijue hilo. Nilikuwa nimeshadanganya jana, na kurudi kuufuta uongo ni kazi nzito kuliko kuusema. Nikajipa mpaka kesho. Nikasema kesho ataamka nafuu na neno hili litajifia lenyewe.

Kesho ikafika na hakuamka. Alikuwa anahema tu. Wakamwekea oksijeni. Festo alikuwa njiani kutoka Kidatu, anapiga simu kila kituo, nami namwambia njoo salama. Kichwa kilikuwa kinaniuma tangu alfajiri, na viungo, nikasema ni kulala sakafuni. Saa sita mchana Mwanasha akaniambia, "Mama, nenda kaoge, uso wako umeiva. Mimi nipo naye."

Bafu la wanaouguza liko nyuma ya wodi, mabati na saruji, juu wazi, jua linaingia lote. Nikafungua kitenge. Mimi kitenge changu nakikaza kiunoni kwa mkanda wa kitambaa, ndivyo nilivyozoea shambani. Nikajimwagia kopo la kwanza. Mkono wenye sabuni ukapita pale mkanda unapobana, upande wa kushoto, ukakwama kwenye kitu kigumu.

Nikatazama.

Jeusi. Mviringo. Ukubwa wa punje ya kunde. Wekundu pembeni. Nikalibonyeza, halikuuma.

Nilisimama pale maji yananitiririka, meno yanagongana, kwenye jua la saa sita. Nikajiuliza kwa sauti, "Na wewe Luciana, mganga wako ni nani?" Mimi sijachanjwa. Sijamfunga mume, mume wangu ana miaka tisa kaburini. Nikakumbuka majani ya mtoni. Nikakumbuka kitenge tulichotandika wote wawili, na panya mwenye masikio mekundu, na mimi nikisema tupa huko tuendelee na kazi. Hofu niliyoipata pale sijawahi kuipata hata nikijifungua. Haikuwa ya kufa mimi. Ilikuwa ya kwamba daktari aliniuliza kitu hikihiki, kwa maneno haya haya, na nikamshika nesi mkono.

Sikumaliza kuoga. Nilijifunga kitenge juujuu, nikakimbia na povu mwilini. Wodini pazia la kitanda chetu lilikuwa limevutwa. Ndani nasikia viatu na sauti ya daktari ikiomba kitu haraka. Nikajua amekufa. Nikalivuta lile pazia karibu likatike. Hakuwa amekufa. Alikuwa amegeuza macho juu na mwili unaruka, wamemshika. Nikangoja mpaka akatulia, nusu dakika, mwaka mzima.

Halafu nikafungua kitenge. Mimi, bibi wa miaka hamsini na sita, mbele ya kijana anayeweza kuwa mwanangu wa mwisho, mbele ya wodi nzima na yule mama wa kitanda cha pili. Nikamwonyesha kiuno.

"Uliniuliza kidonda cheusi," nikamwambia. "Hiki hapa. Na yeye anacho, chini ya shanga."

Daktari Lukelo aliinama akatazama. Kisha akamwendea Paskazia, na safari hii sikumshika mtu mkono. Mwanasha akazipandisha shanga. Lilikuwepo, limeanza kubanduka.

"Ulikiona lini?"

"Leo," nikasema. "Nimekiona leo hii."

Alinitazama sekunde moja zaidi ya ilivyo kawaida. Halafu akageuka akaanza kutoa amri. Dawa yenyewe ilikuwa doksi, vile vidonge ambavyo kila duka la dawa Mlabani linavyo. Wakavifungua, wakamwingizia na maji kwa mpira wa puani. Mimi nikapewa vya kumeza, nikalazwa kitanda cha jirani.

Baadaye alikuja akakaa pembeni yangu. Akasema kuna homa aliisoma chuoni, hajawahi kuiona kwa macho, na hajui kama kweli ipo bondeni kwetu. Sampuli zinapelekwa mbali ndiyo tutajua. Inaletwa na utitiri mchanga wa porini, mwekundu, mdogo kiasi kwamba ukiwa mmoja huuoni. Unakaa kwenye majani na kwa panya. Ukimpata mtu unatembea mpaka pale nguo inapobana, unang'ata hapo, panabaki kidonda cheusi. Inaitwa skrabu taifasi.

"Taifodi?" nikauliza.

"Taifasi, mama. Hazina undugu. Ndiyo maana sindano hazikusaidia."

Pale nguo inapobana. Kikulacho ki nguoni mwako, na mimi nilikuwa nimeshaisema methali yenyewe nikamtazama mtu.

"Atapona?"

"Kama ndiyo yenyewe, homa huanza kushuka ndani ya siku mbili. Tumechelewa kidogo. Laiti tungeanza juzi."

Siku mbili zile sitazisimulia zote. Mimi homa yangu ilikatika kesho yake kama moto umemwagiwa maji, na kila nilivyopata nafuu ndivyo nilivyozidi kuogopa, kwa sababu mimi nilianza dawa kwa wakati na yeye hakuanza. Festo alifika na nguo za miwa, masizi hadi kwenye kope. Alikaa ameshika mguu wa mke wake. Nikimtazama natamani kumwambia, mdomo unafunguka, unatoka upepo. Nilikuwa nahesabu pumzi za Paskazia. Nikifika ishirini naanza tena moja.

Siku ya pili saa tisa alasiri nilimwekea mkono kwenye paji la uso nikakuta jasho. Jasho la baridi, la kawaida, la mtu aliyetoka kulima. Nikakaa chini sakafuni nikalia mpaka Mwanasha akadhani yametokea mengine.

Na hapo ndipo nikawa mtu mwema. Festo anawaambia watu kwenye simu, "Mama ndiye aliyegundua, kama siyo yeye tungezika." Mzee Ngusa alinipigia magoti, mzee mzima, akasema anaomba msamaha kwa maneno yake ya benchini, na kwamba ataniletea jogoo mweupe. Mama wa kitanda cha pili ananiita shujaa. Kila sifa ilikuwa inaniingia kama mwiba wa samaki. Daktari Lukelo peke yake hakunisifu. Alinisalimu shikamoo kila asubuhi na kuendelea na kazi yake.

Paskazia alifumbua macho, akatujua. Lakini tukimsemesha anatutazama midomo. Festo akapiga makofi nyuma yake, hakugeuka. Daktari akasema homa imegusa masikio. Mara nyingi yanarudi baada ya wiki chache, ila hawezi kuahidi.

Nikangoja Festo atoke kwenda kununua uji. Nikavuta stuli karibu kabisa na kitanda. Nilikuwa nimejiapiza nitasema siku akifumbua macho, awe anasikia asisikie. Nikamshika mkono.

"Paskazia, mwanangu. Lile doa nililiona kule dunguni. Nililiona siku nne kabla ya kumwonyesha daktari. Nilidhani umemfunga Festo kwa dawa. Daktari akaniuliza nikasema hakuna. Na kuna wakati nilitaka ufe. Nisamehe."

Alinitazama mdomo kwa makini, mpaka neno la mwisho. Akatabasamu, midomo yake bado ina magamba.

"Ndiyo, mayu," akasema kwa sauti kubwa ya mtu asiyejisikia. "Nitakunywa. Uwe wa moto kidogo."

Festo akaingia na uji. Nikamnywesha.

Hiyo ni mwezi mmoja na nusu sasa. Tumerudi Mlabani. Mpunga wetu majirani walituvunia. Majibu ya sampuli bado hayajaja, na sijui yakija yatasema nini. Mkanda wangu wa kitambaa niliuchoma. Kila jioni namwangalia Paskazia masikio, namwombea Mungu yafunguke, na baada ya kuomba nalala nikiogopa asije akanisikiliza.

Jumapili tuliyoimaliza nilikuwa jikoni, yeye uani anachambua mchicha, amenipa mgongo. Mfuniko wa sufuria ukaniponyoka ukalia kwenye saruji.

Akageuka.

Tulitazamana. Akaweka chini ungo, akaja mpaka mlangoni, ameshika sikio la kulia kwa kiganja kama mtu anayeogopa lisije likadondoka.

"Nimesikia, mayu," akasema. "Ile siku hospitali, ulipokuwa unaongea na mimi. Nilisema nitakunywa, kwa sababu Festo alikuwa amekwenda kuchukua uji. Lakini ulikuwa unalia. Ulikuwa unaniambia nini?"

Nikainua sufuria nikaitua chini. Nikavuta kigoda cha pili, nikamwambia akae.